Mto Uliohama Bila Ruhusa

Amri iliyotoka Musoma mwaka ule wa Operesheni Vijiji ilikuwa fupi: wote wanaokaa ng'ambo ya mto Nyakisero wavuke, wakajenge upande wa barabara ya Bunda. Atakayebaki, nyumba yake itabomolewa. Wankyo alikaa ng'ambo. Nyumba yake ya bati aliijenga kwa pamba ya miaka mingi, baada ya kufiwa na mume na kuchekwa na shemeji zake kwamba mwanamke hajengi. Hakuwa na mpango wa kumwachia mtu hata msumari.

Mvua za masika zikamwahi Alfonce, afisa wa operesheni. Mto ulifurika, ukabomoa kingo zake huko juu karibu na Nyamuswa, ukaacha njia ya zamani na kupita nyuma ya zizi la Wankyo. Wazee hawakushangaa, uliwahi kuhama enzi za Mjerumani, ukarudi, ukahama tena mwaka wa nzige. Kulipokucha, Wankyo na majirani zake wote walikuwa upande wa barabara, na hakuna aliyekuwa amebeba hata kigoda. Wankyo alicheka mpaka akashika mbavu.

Maji yalipopungua Alfonce akafika, amevaa suti ya kaunda, ameshika ramani iliyochorwa na Mzungu ambaye yamkini hakuwahi kushuka kwenye machela. Mkoba alibebewa na Magige, shemeji yake Wankyo na balozi wa nyumba kumi, aliyeitikia kwa kichwa kila neno la mkubwa, hata yale ya Kiingereza ambayo hakuyajua.

"Kijiografia, mto upo hapa," Alfonce alisema, akikanyaga mchanga mkavu wa njia ya zamani. "Kule nyuma ni mafuriko tu. Wenzenu wa Butiama wameshajipanga, ninyi mnabishana na maji!"

"Ndugu," Wankyo akauliza, "kama mto ni hapo uliposimama, mbona hujalowa?"

Watu waliangua kicheko. Kikakatika pale Alfonce alipowageukia mgambo aliokuja nao na kuonyesha nyumba ya bati. Mgambo wakainua sululu.

Magige, ambaye Wankyo hakumtarajia jambo la maana hata siku moja, akamnong'oneza mkubwa wake. "Ndugu, hawa si wako upande wa barabara tayari? Uandike tu umewavusha. Nani ataulizaga walivuka saa ngapi?"

Alfonce aliitazama ramani, akaikunja. Akakohoa.

"Kijiografia," akasema, "mto unatambulika pale ulipo."

Wankyo alitamani kutema mate. Huyu ndiye msomi wao! Lakini Alfonce hakuwa amemaliza. Jumamosi wangekuja wageni kutoka mkoani kuona kazi, na mwananchi mmoja angesimama kutoa shukrani.

"Mama huyu anajua kusema," alisema, akimtazama. "Aseme amehama kwa hiari. Akikataa, mto utarudi kwenye ramani."

Siku tatu Wankyo aliwatukana wote wawili moyoni. Maisha yake yote aliwadharau watu wa namna ya Magige, wanaojikomba mpaka ndimi zinakauka, na alijiapiza kwamba atasema machache, yale yale aliyoagizwa, kisha akae.

Jumamosi wageni walikaa kwenye viti vya shule. Nyuma yao bati lake liling'aa kwa jua.

"Naitwa Wankyo," alisema. "Mimi nilikuwaga ng'ambo. Nimehama kwa hiari yangu."

Makofi yakapigwa. Alikuwa ameshaanza kukaa pale mgeni mmoja alipoinuka, mtu mpole, mwenye kutaka kujua kweli.

"Mama, na nyumba ya bati mliivusha vipi, na mto ulivyojaa?"

Alfonce alitazama viatu vyake. Magige alifumba macho. Wankyo angeweza kusema hakumbuki, au kunyamaza tu kama mwanamke mwenye haya.

"Bati moja moja, ndugu," alijibu, na sauti yake ilitoka tamu kuliko alivyowahi kuisikia. "Ndugu Alfonce mwenyewe aliingia majini, maji yakamfika kifuani, amebeba mabati yangu kichwani. Kiongozi wa namna hii mtuongezee."

Watu walisimama kushangilia, na Magige alimshika mkono kama mwenzake wa siku nyingi. Ya mabati, hakuna aliyemtuma kuyasema.