Leseni ya Chapati Ngumu

Mimi, Eunike, mwanafunzi wa bweni, kidato cha tatu, nakiri kwamba muhuri ule niliuchonga mwenyewe kwenye kiazi. Shuleni kwetu kiazi kilichochongwa vizuri kimewahi kuwapeleka wasichana sita mjini kwa ruhusa ya matroni, ambaye hakujua kama ametoa ruhusa. Likizo ilipofika, niliona vibaya kuacha kipaji kilale.

Shangazi Elieshi ana mgahawa mtaani Kijenge. Leseni yake ya biashara hukaa kwenye fremu juu ya friji, mahali ambapo hajapatazama tangu alipopigilia msumari. Niliifunika, ndani ya fremu ile ile, kwa karatasi yangu: "Mwenye leseni hii anaruhusiwa kuuza chapati ngumu, kwa sharti kwamba mteja awe na meno yake yote." Chini nikagonga muhuri. Twiga wa kwenye muhuri alitoka kama mbuzi aliyeshangaa. Kisha nikaenda Usa River kumsalimia bibi, nikasahau.

Niliporudi Alhamisi, mlango ulikuwa na kufuli la jiji na amri ya kufunga biashara. Afisa biashara, Bwana Aristides, alikuwa amepita kukagua asubuhi hiyo, akaisoma leseni yangu kwa sauti mbele ya wateja, akaondoka na fremu kama kielelezo. Shangazi alikuwa amekaa nje juu ya kreti ya soda.

"Jumapili ni kipaimara cha binti wa mwinjilisti," akasema. "Watu mia mbili. Nyama iko ndani, ndizi ziko ndani, na mimi naitwa mghushi."

"Shangazi, leseni yenyewe..."

"Imeibwa. Aliyeiba, Mungu anamjua."

Mungu alinijua kweli.

Ijumaa asubuhi tuliitwa kwa mwanasheria wa jiji, Mama Namnyaki, aamue kama jalada liende mahakamani. Shangazi alivaa kitenge chake cha Pasaka. Njiani aliniuliza mghushi hufungwa miaka mingapi, na hapo utani wangu ukaacha kunichekesha.

"Shikamoo, mama," nikasema.

"Marahaba. Na wewe ni nani?"

"Mimi ndiye ofisi iliyotoa leseni hiyo."

Bwana Aristides akaacha kuandika. Shangazi akanigeukia polepole.

"Ile halali iko nyuma yake," nikaendelea. "Sikuitoa, niliifunika tu. Mnayo nyinyi tangu jana."

Mama Namnyaki akaifungua fremu. Karatasi yangu ikaanguka, na leseni ikabaki, ikiwa bado na miezi mitano kabla ya kuisha. Bwana Aristides akaingiza namba kwenye kompyuta, tukausubiri mtandao. Sijawahi kusali vile hata kwa mtihani wa fizikia.

"Iko hai," akasema mwishowe.

Shangazi akashusha pumzi ndefu mpaka karatasi za mezani zikatikisika. Mama Namnyaki akaandika amri ya kufungua, akagonga muhuri. Niliutazama kwa makini, kama fundi anavyotazama kazi ya fundi mwenzake.

"Usithubutu," akasema Mama Namnyaki.

Mgahawani friji lilikuwa bado linanguruma, na nyama haikuwa imeharibika. Shangazi akajifunga kanga kiunoni.

"Kwa hiyo chapati zangu ni ngumu?"

"Kidogo, shangazi."

"Basi za Jumapili utasukuma wewe. Mia nne."

Nilisukuma hadi mabega yakakataa kazi. Bwana Aristides alialikwa, akala tatu. Meno yake yote anayo, nilihakikisha kabla ya kumpakulia.