Vigingi Viwili vya Rwamgasa

Ufa ulikuwa kwenye mteremko juu ya duara, shimo la dhahabu alimochimba mdogo wangu Luka, mita arobaini chini. Nilipigilia vigingi viwili vyeupe, kimoja kila upande wa ufa, vikigusana. Mvua ilipozidi, mwenye duara akakataza mtu kukanyaga mteremko ule. Nikapewa kazi ya kuvitazama kutoka mlima wa pili, nyuma ya shule, zaidi ya kilomita moja. Vikiachana tu, nimpigie Masudi wa winchi amtoe Luka.

Darubini nilinunua mwenyewe mjini, Kalangalala. Inakuza mara mia, imeandikwa. Siku tatu nikaona doa moja jeupe, nikaripoti: viko sawa.

Asubuhi ya nne mwalimu Eunice akatoka na darubini ya shule, yenye kioo cha mbele kipana kama kisahani.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba, Bujiku. Hicho kioo kama kizibo cha soda kinakuonyesha nini?"

"Kinakuza mara mia, mwalimu. Hiyo yako?"

"Hamsini."

Nikacheka. Yeye hakucheka.

"Kukuza siyo kutenganisha. Vitu viwili vikikaribiana, kioo kidogo huvichanganya vikawa kimoja, nawe unakuza huo mchanganyiko. Upana wa kioo cha mbele ndio unaovitenganisha. Tazama."

Nilitazama ili nimkomeshe tu.

Vigingi vilikuwa viwili. Katikati, mstari mweusi, upana wa kidole kimoja. Nikarudi kwenye yangu: doa moja, limetulia kama jana. Siku tatu nilikuwa nikimwambia Luka ashuke.

"Malenga!" Nilipompigia, Masudi alipokea akicheka; ndivyo alivyoniita kwa mashairi yangu. "Leo una ubeti gani?"

"Mtoe Luka! Ufa umefunguka!"

"Si jana jioni ulisema viko sawa?"

"Jana nilikuwa sioni! Hata juzi sikuona! Zungusha winchi, Masudi!"

Simu ikakatika. Kwenye darubini ya mwalimu nilimwona Masudi akizungusha, polepole mno. Mstari mweusi ukapanuka nikiuangalia. Kigingi cha chini kikainama, kikaondoka, na mteremko ukakifuata. Vumbi likafunika kila kitu. Sauti ilitufikia baadaye, nzito, ikapita miguuni.

Simu ikaita. Masudi. Eunice akaichukua kiganjani mwangu, akaweka spika. Kikohozi kirefu, kisha tusi la Kisukuma.

"Luka?"

"Kamba imenivuta vumbi likiwa mgongoni, kaka." Akakohoa tena. "Siku tatu ulikuwa unaangalia nini?"

Nikamwambia. Sikupunguza neno.