Viazi Visivyo na Jicho

Vahwere alikuwa mwalimu mstaafu, mjane wa miaka minane, na maishani mwake hakuwa amepanda kitu kisicholiwa. Parsele yake, kiwanja cha nyumba katika mtaa wa Shari, ilijaa maharagwe, vitunguu na muhogo wa majani ya sombe. Ila ng'ambo ya ua wa matete, kwa jirani yake Léon, kulikuwa na dalia nyekundu iliyomfika mtu kifuani, yenye maua mapana kama sahani, na kila asubuhi Vahwere alijikuta amesimama na ndoo mkononi akiitazama. Kiangazi kilipoikausha, alisikitika kama mtu aliyepata habari za msiba.

Léon alikuwa fundi cherehani kutoka Mahagi, aliyeshona pamoja na wenzake kwenye baraza ya farmasi, mjane pia, mwimba besi katika kwaya ya Wakatoliki. Mvua za mwezi wa tatu zilipoanza, alipita na sahani iliyofunikwa kitambaa.

"Mama Sandrine," alisema, kwa maana Sandrine ni binti wa Vahwere, "hii maua inazalaka chini kama viazi. Nimekukatia tano. Hii kazi ninaijua muzuri."

Vahwere alivipanda vile viazi siku hiyohiyo, akang'oa hata vitunguu kuvipatia nafasi. Kila asubuhi Léon aliuliza kutoka ng'ambo ya ua wa matete, "Zimeamka?" Naye alijibu, "Zingali zinalala." Halafu waliendelea kuzungumza, kwanza dakika mbili, baadaye mpaka chai ikapoa. Wiki tano zikapita. Hakuna hata jani moja.

Jumamosi moja Léon alikuja na jembe, hana furaha usoni. Walifukua kiazi cha kwanza. Kilikuwa kizima, kinene, hakijaoza, wala hakijaota. Léon alivaa miwani, akakigeuza, akavua miwani.

"Mama Sandrine, nilikudanganya. Hii kazi sijue. Maua alipandaka marehemu muke yangu. Miye nilikata tu kama mutu anakata muhogo. Jana niliuliza masista ba parokia, ndiyo banaonyesha kosa yangu. Jicho haiko ku kiazi. Iko ku shingo, pale kiazi inashikamana na shina. Kiazi yenye haina kipande ya shingo haiwezi kuota hata siku moja."

Vahwere alivitazama vile viazi vitano.

"Wiki tano," alisema polepole, "ninamwagia vipofu maji."

Alianza kucheka. Alicheka mpaka akakaa kwenye udongo wenye maji na kitenge chake kizuri. Léon alijaribu kuomba msamaha, lakini kicheko kikamshika naye, kile cha besi, kikatoka chini kabisa tumboni, hata Sandrine akachungulia dirishani kuona nani anaumwa.

Wakaenda kwa Léon kufukua shina lenyewe. Mvua ilikuwa imeliamsha, na penye shingo vijicho vyekundu vilikuwa vimechomoza, vidogo kama vipele. Walivitafuta kwa miwani moja, wakipeana zamu. Kisu walikichemsha, majivu ya kupaka kwenye vidonda vya viazi waliyaweka tayari.

"Kata weye," alisema Vahwere. "Miye ninaogopa kukata jicho."

"Hata miye."

Basi walikishika kisu wote wawili, jambo ambalo halikuwa la lazima. Kila kipande kilitoka na kiazi chake na jicho lake. Walipata vipande tisa, wakavipanda pande zote mbili za ua.

Siku ya kumi na mbili Vahwere aliita kutoka upande wake wa ua, "Papa Léon, zimefungua macho." Léon alikuja mbio, shavu moja limenyolewa, jingine bado lina povu la sabuni. Waliinama juu ya vichipukizi, vichwa vimegusana, na hakuna aliyekiondoa chake.

Mwezi wa saba maua yalichanua pande zote mbili za ua. Léon alifika amevaa koti, kiatu kinang'aa, hotuba ameikariri. Akaisahau yote.

"Ulikuja kuangalia maua ao kuniangalia miye?" aliuliza Vahwere.

"Vyote viwili."

"Basi anza na miye. Maua haina haraka."

Sandrine walipomwambia kwamba wataoana, hakushangaa. "Mafundi wote wa farmasi banajua tangu mwezi wa ine," alisema. "Lakini mama, weye Muprotestanti, yeye Mukatolika. Mutafungia ndoa wapi?"

Wachumba walitazamana. Hilo hawakuwa wamelifikiria hata kidogo, na wakaanza tena kucheka.

Walioana mwezi wa tisa, kwenye ofisi ya serikali ya komine. Jumapili iliyofuata Léon alimsindikiza mkewe kwenye kanisa lake. Nyimbo hakuzijua, lakini aliimba zote kwa sauti yake nzima, nyuma ya wenzake kwa mstari mmoja, na Vahwere akaficha uso ndani ya kitabu cha nyimbo, mabega yanatikisika kwa kicheko.