Kabati la Mama

Mimi ni mbunifu wa mandhari za filamu. Kila kitu unachokiona nyuma ya mwigizaji, mkono wangu umepita. Siku ile mkono huohuo ulitaka kuniua.

Tulikuwa tunachoma chumba. Nilikijenga kwa wiki sita, kiungue kwa dakika nne. Kilihitaji kabati la nguo la kizamani, nikaazima la mama yangu. Hakusema ndiyo wala hapana, alisema tu, "Chukua." Nikaapa litarudi bila doa. Lilitumika kwenye picha za karibu, halafu nikalitengenezea pacha kwa mbao kuukuu na misumari yenye kutu, hata mikwaruzo nikaihesabu. Pacha ndiye wa kuchomwa.

Niliyabandika karatasi: LA MAMA, LA MOTO. Asubuhi mpiga picha akalalamika kwamba karatasi zinaonekana kwenye kamera, nami kwa hasira zangu nikazibandua zote mbili. Nikaenda kupaka masizi dirishani. Kurudi, wabebaji wameyahamisha makabati yote mawili ili wafagie sakafu.

"Lipi ni lipi?"

"Si wewe uliyeyatengeneza?" mmoja akanijibu.

Lahaula! Nilifungua milango, nikagonga, nikanusa, nikalala chali kutazama chini. Wapi! Ufundi wangu wote umenigeuka. Mwongozaji, tuliyemwita Tena kwa sababu kila picha huirudia mara kumi, akapaza sauti: "Dakika kumi! Na leo hakuna tena!"

Mama alikuja kutazama kazi yangu, amekaa kwenye kiti cha plastiki karibu na mlango, mkoba mapajani. Nilimwendea.

"Mama, nisamehe. Nimeyachanganya. Nionyeshe lako."

"Mtu mzima hovyo," alisema, akainuka.

Aliyazunguka polepole huku Tena akihesabu dakika. Akafungua la kushoto, akapitisha vidole kwenye mpasuko uliokuwa ndani ya mlango, akalifunga. Akaligusa la kulia.

"Hili ndilo langu. Lile lichomwe."

Nikashusha pumzi. Tukalitoa la kulia nje, fundi wa moto akabonyeza kitufe, la kushoto likashika. Nilimtazama mama nikidhani atafumba macho. Hakupepesa. Machozi yalimtiririka, na midomo yake ilikuwa ikitabasamu. Hapo ndipo nikaelewa.

"Mama! Lile ndilo lilikuwa lako!"

"Ndilo."

"Sasa kwa nini umenidanganya?"

Hakuondoa macho kwenye moto. "Ule mpasuko wa mlangoni umeuiga vizuri mno. Hukuwahi kuniuliza ulitoka wapi. Ni mimi niliyekuwa nikisukuma kwa mgongo. Baba yako alikuwa akinifungia humo."

Nyuma yetu Tena alipiga makofi, picha imekubali mara moja. Mimi nilikosa hata pa kuweka mikono.

Mama akachukua mkoba wake. "Na hilo lako," akasema, "usiniletee nyumbani."