Mbaruku Anangoja Kicheko Apite

Usiku wa kuamkia leo niliota mume wangu, marehemu Mbaruku, amesimama mlangoni, na mlango wenyewe hauna nyumba.

Ni mlango tu, umesimikwa kwenye majani, una fremu na komeo. Mbaruku amevaa kanzu ya bawabu. Mbele yake imesimama mashine ya kupigia sinema, miguu mitatu, jicho moja. Mimi nimekaa pembeni kwenye kigoda, napepeta mchele, kana kwamba hiyo ndiyo kazi iliyonileta.

Niseme kidogo juu ya Mbaruku, maana wengi waliomjua wametangulia. Alikuwa mchekeshaji wa jukwaani hapa Tanga, kwenye ukumbi wa Ngamiani. Usiku wa taarabu waimbaji wakienda kupumzika, yeye ndiye hupanda. Baadaye wakaja watu wa sinema, enzi hizo sinema yenyewe ngeni, wakamchukua. Hawakumpa kuwa bwana mkubwa wa mchezo hata siku moja. Walimpa mpishi, walimpa mzee wa baraza, walimpa bawabu. Mtu wa kupita tu, lakini ukishamwona humsahau.

Kichekesho chake kilichopendwa kuliko vyote kilikuwa hicho cha bawabu. Mgeni anakuja anauliza, bwana yupo? Bawabu anajibu, "Ameniambia niseme hayupo." Hapo ukumbi mzima hoi. Mbaruku ananyamaza, anatazama kucha zake, anangoja mpaka mtu wa mwisho afute machozi. Ndipo anaongeza, "Subiri nikamuulize kama bado hayupo."

Watu wa sinema walimkataza kungoja. Walisema filamu ni ghali, aunganishe maneno. Akaunganisha. Siku ile alirudi nyumbani hakugusa chakula, akaniambia neno la pili amelizika likiwa hai. Sinema yenyewe ikapelekwa mikoa ya mbali. Hakuwahi kukaa na watu akaiona, na amekufa hajui kama walicheka.

Basi, turudi ndotoni.

Mashine inamtazama Mbaruku, inasema kwa sauti ya shangazi wa bibi harusi, "Nyusi zako kubwa mno."

Mbaruku akaieleza kwa upole kwamba hizo ni nyusi za ukumbini, zimekuzwa ili azione hata aliyekaa nyuma kabisa karibu na choo.

"Mimi niko hapa hapa," mashine ikasema. "Punguza."

Akazibandua, akanipa nimshikie. Zilikuwa na joto kama vifaranga. Nikazifunga kwenye pindo la kanga.

Ikamwambia apunguze na sauti. Akaikunja mara mbili kama mkeka, akaiegemeza nyuma ya mlango. Kisha ikamwambia avae uzee, maana bawabu lazima awe mzee na yeye alikuwa bado kijana. Uzee ulikuwa ndani ya kiroba. Akauvaa kuanzia miguuni, kama suruali, akalalamika kwamba unabana magotini. Mashine ikasema uzee wote unabana hapo. Mimi mwenyewe nikathibitisha.

Kazi inaanza. Mgeni hayupo, kwa hiyo mlango wenyewe unauliza, "Bwana yupo?"

"Ameniambia niseme hayupo," Mbaruku anajibu.

Halafu ananyamaza. Anatazama kucha zake.

Mashine inakula filamu. Inaivuta kwa mdomo kama mtu anavyovuta tambi, na haipumziki hata kumeza. Ikamwambia aendelee. Mbaruku akasema anangoja.

"Unamngoja nani?"

"Kicheko. Apite kwanza. Siwezi kumkanyaga mtu mlangoni."

Mashine ikamwambia kwamba huku hakuna Kicheko, Kicheko alibaki Ngamiani. Ikasema tena, bila hasira, kama anayesoma bei ya nazi, kwamba filamu ikiisha kabla hajasema neno la pili, atabaki hapo hapo mlangoni milele, neno likiwa mdomoni.

"Niliunganisha mara moja," Mbaruku akasema. "Siunganishi tena."

Namjua mume wangu. Angebaki. Nikaweka ungo chini, nikauliza huyo Kicheko anakaa wapi siku hizi. Mlango ukanijibu kwamba yuko stesheni. Nikaufungua, nikavuka kizingiti, na kweli nikawa stesheni.

Kicheko ni mama mmoja mnene, amekaa juu ya mizigo yake, anakula karanga. Nikampa shikamoo ingawa sikuwa na hakika nani mkubwa kati yetu. Akaitikia. Nikamweleza shida yangu.

"Mimi ni wa sinema siku hizi, mwenzangu," akasema. "Picha ipigwe, ioshwe, ianikwe, ipakiwe garini, shuka litundikwe kijijini, watu wakae chini, ndipo na mimi naitwa. Treni yangu mwakani, Mungu akipenda."

Nikamwambia mwakani ni mbali, mume wangu anangoja sasa hivi.

Akaacha kutafuna. "Anangoja? Huyo ni nani anayengoja?"

"Mbaruku."

"Wa Ngamiani?"

"Huyo huyo."

Akakung'uta maganda mapajani. Akasema anamkumbuka sana Mbaruku, alikuwa akimpisha vizuri. Wengi wanampita wakimkanyaga vidole, na akanionyesha vidole, na kweli vilikuwa vimevimba. Ila akasema yeye hana ruhusa ya kuondoka stesheni kwa miguu yake.

Basi nikambeba. Nilimfunga mgongoni kwa kanga kama mtoto, miguu yake ikawa inaburuta chini. Nilikwenda polepole, maana sijui kwenda vinginevyo. Stesheni ikawa jikoni kwangu, jikoni ikawa soko la samaki, soko likawa makaburini, na huko kote mbavu zinaniwasha.

"Usinitekenye, mama," nikamwambia.

"Sikutekenyi. Ndivyo nilivyo."

Pale makaburini sikuweza kujizuia, nikacheka kidogo. Waliolala hawakusema kitu.

Tulipofika, filamu imekwisha. Mashine imeshakula na mkanda wake wa kubebea, sasa inatafuna mguu wake mmoja na imeanza kuinama. Mbaruku amesimama vile vile. Ameota ukungu mpaka kiunoni, na vumbi limekaa kwenye mabega kama la kabati lisilofunguliwa. Macho yake tu ndiyo yako hai, na yananitazama mimi.

Nikafungua kanga, nikamteremsha Kicheko.

Mbaruku akausukuma mlango hadi mwisho, akajibana kwenye fremu. "Pita, mama," akasema.

Kicheko anapita. Hana haraka. Anaingiza bega, halafu tumbo, anakwama kidogo, anaingia. Mlango ndio wa kwanza kucheka, mpaka bawaba zikalegea. Mashine ikakaza mdomo, ikasema yenyewe ipo kazini, kisha ikapasuka ikacheka na filamu yote ikaitoka puani. Mimi nikakaa chini. Mbaruku anatazama kucha zake. Nikaona midomo yake inatetemeka, lakini hakucheka, maana yeye hakuwa akicheka kazini.

Kicheko akapita mzima, mpaka na ncha ya kanga yake iliyokuwa ikiburuta.

Kukawa kimya, kile kimya kizuri cha watu wanaotaka waongezewe.

Mbaruku akaninyooshea mkono bila kunitazama, nikampa nyusi zake. Moja akaibandika juu chini, hakujali. Akaivuta na sauti yake nyuma ya mlango, akaikunjua yote, akasema ili asikie hata wa karibu na choo:

"Subiri nikamuulize kama bado hayupo."

Akaingia ndani kwenda kuuliza, akarudisha mlango nyuma yake taratibu. Mimi nikaamka.

Kumekucha. Nikaswali, nikawasha jiko la mkaa. Nyumba zetu hizi za vyumba, ukuta haufiki juu kwenye paa, kwa hiyo mtu wa chumba cha pili ukikohoa anakupa pole. Mama Salha, jirani yangu, akaniamkia kutoka upande wake. Nikaitikia.

Akaniuliza kama mgeni wangu ameshaondoka. Nikamuuliza mgeni gani.

"Huyo mzee aliyekuwa akikuchekesha usiku, bibi. Tulitaka kukugongea ukuta, Baba Salha ana zamu ya asubuhi. Lakini huyo Baba Salha mwenyewe ndiye aliyeanza kucheka, na mtoto akaamka akacheka, hata hajui anacheka nini."

Nikapepea jiko.

"Ila ana adabu," akasema Mama Salha. "Tukicheka, ananyamaza mpaka tumalize."

Nikamwambia hajaondoka, ameingia ndani mara moja kuuliza kitu. Nikaongeza maji kwenye birika.