Bwana Sipo

"Fanyeni kama sipo," mpiga filamu alituambia siku ya kwanza, akajipachika na kamera yake kati ya cherehani yangu na kiti cha baba. Alikuwa anatengeneza filamu kuhusu watu wanaouguza wazazi wao nyumbani. Haulizi, hasaidii, haingilii. Kazi yake kutazama tu. Nikamwita Bwana Sipo. Wanasema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Huyu wiki ya pili hajagusa hata ufagio, lakini chai anakunywa.

Baba alikuwa dereva wa lori hadi kumbukumbu zilipoanza kumtoka. Bado anataka kwenda kazini kila asubuhi. Nikisahau kufunga komeo la mlango, ameshatoka, na barabara kuu iko pale nyuma ya kona. Basi nashona jicho moja kwenye kitambaa, jingine kwenye komeo. Vidole vimejaa matundu ya sindano. Situlii, hata chooni naenda mbio.

Siku ile mteja alikuja akilalamika gauni linambana. Nikatoka naye hadi kwa jirani mwenye kioo kirefu, na komeo sikulifunga. Nilijiambia, leo kuna mtu mzima ndani. Wallahi, moyo ulipumzika.

Niliporudi, kiti kilikuwa kitupu. Na Bwana Sipo safari hii hakuwepo kweli.

Nilikimbia na futi ya kupimia ikining'inia shingoni. Nilipokata kona nikawaona: baba na kandambili zake anakwenda upesi upesi, na mbele yake yule bwana anatembea kinyumenyume, jicho kwenye kamera, anatabasamu. Hasira zilinipanda nikaona giza. Mzazi wangu anakwenda kufa, yeye anatafuta picha nzuri!

"Mshike!" nilipiga kelele. "We bwana, mshike mzee!"

Alikuwa amevaa visikizio masikioni, hakugeuka. Akarudi hatua nyingine, akashuka ukingo wa barabara, na lori likaja likipiga honi. Baba, ambaye jina langu hulisahau kabla chai haijapoa, akamkwida ukosi wa shati, akamvuta hadi wote wawili wakaanguka kwenye changarawe. Lori likapita.

Nilifika nikihema. Yule bwana alikuwa bado chini, kamera imelala ubavu inapiga picha mawe. Matusi niliyokuwa nayo yangetosha mtaa mzima, lakini nilipofungua mdomo nikaanza kulia.

Baba alijipangusa magoti. Shati la yule bwana hakuliachia. Alimwongoza njia nzima polepole, akimweka upande usio na magari. Tulipofika alimkalisha kwenye kiti chake mwenyewe, kisha akanigeukia kwa ule ukali wake wa zamani.

"Binti, funga komeo," alisema. "Huyu msimwache atoke peke yake."