Uzi wa Numi

Uzi nilioufungia mwezi ulikuwa mwekundu. Niliuchomoa kwenye pindo la shali ya mama, nikauzungusha mara saba kwenye tumba la numi, nikakaza fundo kwa meno. Kisha nikashuka kilimani na kuwaambia watu kwamba ua bado.

Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Leo nina mvi, mimi ndiye mtunza kalenda wa Bonde la Reshu, na kila mwaka nikilifikia shina la numi mikono inakuwa mizito.

Kwetu mwezi hauhesabiwi, unachanua. Kule juu kuna mashina tisa, kila moja na ua lake moja, na ua halifunguki mpaka lililotangulia linyauke. Likichanua harasi, waliogombana hawawezi tena kununiana. Likichanua ilvo, kila mtu anakumbuka ndoto zake. Likichanua numi, harufu yake inaingia kila nyumba, na wagonjwa wasio na tumaini wanalala nayo wasiamke. Miezi mingine hawafi. Wanaumwa tu, wakingoja.

Mama yangu, Oremi, alitunza kalenda miaka thelathini. Mwaka ule ugonjwa wa mifupa ulimlaza kitandani, nikawa napanda kilimani mimi badala yake. Nilipoona tumba la numi limevimba, la kufunguka kesho yake, sikufikiri. Au tuseme nilifikiri jambo moja tu, kwamba sina mtu mwingine duniani.

Zikapita siku kumi, zikawa ishirini, siku zisizo na jina. Jirani yetu Brunko alikuwa akinisubiri kila asubuhi chini ya kilima.

"Binti, huu mwezi vipi, umelewa?"

"Umelala, mzee."

"Basi kamwagie maji. Mbegu zangu zimeanza kuota guniani."

Nilikuwa nacheka naye. Siku ya ishirini na tatu hakutania. Alisema, akitazama viatu vyake, "Baba analia kwa maumivu usiku na mchana. Sijawahi kumwona baba akilia." Nikampita, na aibu ya kupita vile ninayo hadi leo.

Mama yeye hakulia. Nikimgeuza alikuwa anauma mto, ili nisisikie. Asubuhi moja nilikuwa namchana nywele.

"Tavi, shali yangu inafumuka."

Nikaendelea kuchana.

"Umezungusha mara ngapi?"

"Saba," nikasema.

Alifumba macho. Nilidhani atanilaani.

"Mimi nilimfungia bibi yako mara tatu. Siku ya nne nikashindwa kuvumilia, nikafungua. Wewe una roho ngumu." Akacheka kidogo, na kicheko kikamuumiza. "Kafungue, mwanangu. Nimechoka."

"Nikifungua nitabaki na nani?"

"Na kazi. Hebu ona watu wanavyokungoja." Akavuta pumzi. "Dirisha liache wazi."

Nililifungua dirisha, nikambusu kichwani, nikapanda kilimani. Fundo lilikuwa limekazwa na umande, nikalikata kwa meno yaleyale. Kwa muda tumba halikufanya chochote, nami, Mungu anisamehe, nikafurahi. Kisha petali ya kwanza ikajikunjua, nyeupe, na mistari ya kahawia pale uzi ulipoibana. Harufu yake ni ya nguo zilizoanikwa juani.

Nilitaka kukimbia. Lakini mtunza kalenda haondoki mpaka ua limefunguka lote, ndipo agonge debe na kulitaja jina la mwezi kwa sauti. Hiyo ndiyo kazi, hakuna mwingine wa kuifanya. Nilisimama pale nikiihesabu kila petali, upepo ukishuka bondeni. Nikagonga debe. Nikataja numi. Kwa mbali nilimwona Brunko akivua kofia na kuingia ndani kwa baba yake.

Nilikimbia njia nzima, ila harufu ilinitangulia nyumbani.

Mama alikuwa amelala kaelekea dirishani. Mkononi alishika pindo la shali. Pale nilipochomoa uzi alikuwa amepiga fundo dogo, kwa vidole vile visivyoweza hata kushika kijiko, isiendelee kufumuka.

Naivaa kila ninapopanda.